Vioo vya Jua Nyuma ya Zahanati

Jumatatu, 2 Septemba 1985

Leo wamechukua frigo yangu.

Nimekaa nayo miaka kumi na minne, na kabla yake nilikuwa nimefanya kazi hapa miaka kumi. Mimi Mwanvita binti Nasoro, muuguzi wa zahanati hii ya mwisho wa Bukavu, upande wa Bagira, sijawahi kuharibu hata chupa moja ya chanjo kwa frigo ile ya mafuta ya taa. Kila asubuhi nilipiga magoti nikaangalia moto wake chini. Ukiwa wa bluu, chanjo ni nzima. Ukianza kuwa wa manjano, nakata utambi, nafuta masizi, nangoja. Kipimajoto kilikuwa ndani, lakini sikukihitaji. Nilikuwa naingiza mkono, na mkono unaniambia. Ile karatasi ya joto ambayo zoni ya afya inataka ijazwe asubuhi na jioni, mimi niliijaza yote Jumamosi: tano, tano, tano. Sikuona uongo wowote ndani yake, maana ilikuwa digrii tano kweli.

Wamekuja na magari mawili. Wazungu wawili wa kampuni inayotengeneza hivyo vyombo vipya, na ndugu raia, citoyen Tambwe, superviseur anayesimamia zoni yetu, ndani ya suti ya abacost iliyopigwa pasi mpaka inang'aa. Nyuma ya zahanati wamesimamisha meza ya chuma inayofika kiunoni, wakalaza juu yake vioo vinne vyeusi, karibu sawasawa kabisa, kwa sababu eti kwetu hapa jua liko utosini. Ndani wameweka sanduku jeupe na batri mbili nzito. Vioo vinakula jua, batri zinalitunza, sanduku linatoa baridi.

Mzungu mrefu alihutubia. Alisema tangu bei ya mafuta ilipopanda kwao, viwanda vya vioo hivi vinaota kila mwaka. Siku moja dunia nzima itakunywa kwenye jua, bila moshi wala masizi, na macho ya dunia yako hapa kwetu. Tambwe alipotafsiri aliitaja dunia mara nne. Debe tupu haliachi kuvuma. Nyaya za umeme wa bwawa la Ruzizi zinapita juu ya bati letu tangu nilipofika hapa, hazijawahi kushuka, na leo tena hakuna aliyeziangalia.

Colombe, muuza sambaza, wale dagaa wa ziwani, aliuliza mbele ya watu wote: "Na mvula ikinyesha siku tatu, hii jua yenu iko nalala wapi?"

Watu walicheka. Fundi wa mradi, kijana anayeitwa Pascal, akajibu kwa adabu: "Iko nalala mu batri, maman. Siku ine, tano, inavumilia."

Mimi sikucheka. Nilikuwa natazama frigo yangu ikifungwa kamba nyuma ya gari. Kipya kinyemi ingawa kidonda.

Jumanne, 3 Septemba

Pascal amebaki kunifundisha, mimi. Alikwenda Ulaya miezi mitatu, sasa anajua baridi kuliko sisi. Nisome kipimajoto asubuhi na jioni. Nifute vioo. Kisiwekwe kitu juu yake, hata kitambaa. Taa ndogo nyekundu ikiwaka kwenye kisanduku cha batri, nimtumie mtu haraka ofisini kwao, mtaa wa Muhumba.

"Maman, mukono haitoshi," akasema, akinionyesha namba za kipimajoto. "Utazame chiffre."

Nikamwambia nilikuwa nachoma watoto sindano wakati yeye analia mgongoni mwa mama yake.

"Najua, maman. Ni weye ulinichoma."

Kumbe alizaliwa Bagira. Hilo likaniudhi zaidi.

Jumamosi, 7 Septemba

Nimejaza karatasi. Tano, tano, tano.

Jumatano, 11 Septemba

Siku ya chanjo. Watoto ishirini na wanne. Sanduku lao linanguruma chinichini kama paka aliyeshiba. Sina la kulisema, ila silipendi.

Jumapili, 15 Septemba

Frigo yangu haikupelekwa bohari. Iko barazani kwa Tambwe, Muhumba, inapoza bia. Mwenye kuniambia ameiona kwa macho yake, na akaona mlango wake pale nilipoufunga kwa waya mwaka wa sabini na nane. Muhumba wana umeme, lakini umeme ukikatika, citoyen superviseur hataki kunywa bia ya moto. Nimekasirika mpaka chai ikanimwagikia.

Jumatano, 18 Septemba

Mvua sasa imeshika. Jua linatoka asubuhi kwa muda wa saa tatu au nne, basi. Adhuhuri milima ya ng'ambo inapotea, saa nane maji. Watoto kumi na tisa tu, barabara ni matope.

Alhamisi, 19 Septemba

Nimetoka nyuma kumwaga maji, nikakuta vioo vyao vyote vimejaa sambaza.

Colombe alikuwa anawapanga kwa vidole, mmoja mmoja, kichwa huku mkia huku, na mtoto wake Bibiane amelala mgongoni. Wakati huu wa mvua sambaza ni shida. Wavuvi wanawaleta alfajiri, mpaka jioni wameanza kunuka. Chini kuna matope, kuku na mbwa. Juu ya bati hapandi mtu mwenye mtoto mgongoni.

"Kioo iko moto sawa sufuria," akaniambia. "Na kuku haifike. Ni muzuri, maman, Wazungu balifikiri sisi."

Nilitakiwa kumwondoa. Nilicheka, tena nilicheka mpaka nikashika ukuta. Nikasema moyoni, hatimaye vioo vya dunia nzima vimepata kazi. Jioni Colombe aliniletea sahani, nikawala na bugali. Walikauka vizuri kweli.

Jumatatu, 23 Septemba

Sasa ni wanawake wanne, kila mmoja ana kioo chake. Jua likitoka, sambaza wanatoka. Mvua ikija wanaanua, wanafuta vioo kwa vitenge vyao, vinang'aa kuliko nilivyoagizwa kuving'arisha.

Alhamisi, 26 Septemba

Taa nyekundu imewaka.

Nimeingiza mkono ndani ya sanduku. Baridi. Mkono huu haujanidanganya miaka kumi na minne, na sitaanza kumwamini kijana wa miezi mitatu kwa sababu ya taa kama jicho la panya. Sikumtuma mtu Muhumba. Kama chombo chao kitaanguka, na kianguke mbele ya wenyewe, wanirudishie changu. Naandika haya hapa kwa sababu kwenye daftari la kazi siwezi.

Jumamosi, 28 Septemba

Tano, tano, tano. Paka wa sandukuni amenyamaza. Mkono unasema baridi.

Jumatano, 2 Oktoba

Watoto thelathini na mmoja. Kulikuwa na jua asubuhi nzima, na sambaza wengi kuliko siku zote.

Jumatano, 9 Oktoba

Leo Bibiane ametimiza miezi tisa, nimemchoma sindano ya surua mwenyewe. Colombe alimshika mikono, akageuza uso wake pembeni. Amezaa wanne. Wawili surua iliwachukua mwaka mmoja, alipokuwa bado kwao Kalehe, mahali ambapo chanjo ilikuwa habari ya kusikia. Ndiyo maana alihesabu miezi ya huyu kwenye mlango kwa mkaa, mstari kwa mstari, na leo alifika kabla sijafungua.

Nilipomwandikia karatasi yake ya chanjo aliifunga ndani ya plastiki, akaiweka kwenye pindo la kitenge.

"Sasa nitalala," akasema.

Ijumaa, 18 Oktoba

Barua ya Tambwe. Karatasi yetu ya joto ni ya kwanza kwa uzuri katika zoni nzima. Tano bila kupanda wala kushuka, mvua na jua. Kampuni imeiomba, inataka kuipiga chapa na kuionyesha nchi nyingine. Eti Wazungu hawajapata kuona mstari ulionyooka namna hii, hata kwenye maabara yao. Nimesoma barua mara mbili. Kwanza nilicheka, halafu nikaacha kucheka, na sikutaka kujiuliza kwa nini.

Ijumaa, 25 Oktoba

Surua imeingia Kalehe. Madereva wa magari ya mbao wanasema watoto wanazikwa kila siku.

Jumatano, 30 Oktoba

Wamama wamejaa mpaka barabarani. Nimechoma arobaini na wawili. Waliobaki walitaka tu kuniuliza kama wale waliochomwa wako salama. Nilipanda juu ya benchi nikawaambia: mwenye karatasi na alale usingizi.

Alhamisi, 7 Novemba

Jana mmoja, leo wawili. Vipele nyuma ya masikio, macho mekundu, kikohozi. Wote watatu wana karatasi zangu. Ya kwanza ni ya tarehe mbili Oktoba.

Mmoja, tungesema ni bahati mbaya, chanjo haishiki kila mtoto. Watatu ni kitu kingine. Sikula leo.

Ijumaa, 8 Novemba

Nimesoma kipimajoto.

Nimekitoa, nimekifuta kwa aproni, nimekisoma, nimekirudisha, nimengoja robo saa, nimekisoma tena. Kumi na tisa. Vile vibuyu vya plastiki vya barafu vilivyopangwa pembeni vimekuwa maji, na maji yenyewe hayana hata baridi ya maji ya mtungini. Mkono wangu ulisema baridi kwa sababu nje kuna joto na ndani kuna kivuli. Hiyo ndiyo akili ya mkono. Frigo ya mafuta ilikuwa na moto wake, na moto ndio uliokuwa unaniambia, siku zote. Mkono ulikuwa unaitikia tu, kama mke mwenza anayeitikia hodi isiyokuwa yake. Siku moto ulipoondolewa sikubaki na kitu, ila kiburi.

Nimetoka nyuma. Jua lilikuwa kali, jua zuri la asubuhi, na vioo vyote vinne vilikuwa vyeupe kwa sambaza. Nilisimama pale nikaelewa kitu ambacho mtoto wa shule angeelewa. Katika mvua hii jua tunalipata saa tatu kwa siku, na saa hizo hizo tatu ndizo samaki wanazokaa juu. Hata punje moja ya jua haikuingia kwenye batri kwa wiki saba. Pascal alinionya. Taa ilinionya. Nilicheka nikashika ukuta.

Nimewafukuza wanawake. Sikuwaambia kwa nini. Colombe aliniuliza amenikosea nini, nikamwambia aondoe uvundo wake nyuma ya zahanati ya serikali. Alikusanya samaki wake, akaondoka. Tumefahamiana miaka sita.

Halafu nimefungua daftari. Tangu taa ilipowaka mpaka juzi nimechoma watoto mia moja na kumi na wanane. Nimewapa maji. Na wote nimewapa karatasi.

Jumamosi, 9 Novemba

Nimekwenda Muhumba kwa miguu. Frigo yangu iko barazani kama nilivyoambiwa, na moto wake ni wa manjano. Nilipiga magoti bila kufikiri, nikapunguza utambi. Tambwe akanikuta hivyo.

Nimemwambia yote. Nimemwambia nahitaji dawa mpya Jumatatu, na mtu wa kupita vilimani kuwaita wamama.

Akasema: "Tarehe makumi mbili na tisa tuko na visite. Kampuni, na batu ya Kinshasa. Banakuja juu ya karatasi yako. Banataka kuuzisha frigo makumi ine mu Kivu yote, juu ya karatasi yako, citoyenne."

"Watoto wako na rujole, hiyo surua, citoyen."

"Kisha visite tutafanya campagne. Tutachoma bote tena, pole pole, bila kelele. Wiki tatu ni nini?"

"Wiki tatu kwa surua ni nyingi."

Akavuta kiti karibu. "Ile tano, nani alisaini? Ni miye? Ukisema leo, kesho ni cachot, na hata hiyo dawa hautaiona. Ukinyamaza, utaipata. Chagua."

Nimerudi. Njia nzima nilikuwa najiambia kwamba kunyamaza ndiyo njia ya kuipata dawa. Huenda ni kweli. Lakini nilikuwa pia naogopa cachot, ile mahabusu yao, na naogopa uso wa wamama. Nitaandika mambo yote mawili, maana hapa hakuna wa kumdanganya.

Jumatano, 13 Novemba

Paka amenguruma tena. Siku tano bila samaki, na chombo chao kimefufuka. Saa kumi na mbili asubuhi, sita. Saa kumi na mbili jioni, tano. Ni tano yangu ya kwanza niliyoiona kwa macho. Nimewaambia wamama dawa imekwisha bohari. Dawa iliyokufa nimeitupa chooni.

Jumamosi, 16 Novemba

Salongo, kazi ya lazima ya Jumamosi. Tumepaka mawe ya njiani chokaa kwa ajili ya wageni. Wagonjwa ni tisa sasa. Wamama wanapaka mawe, na mimi nahesabu migongoni mwao nani ana karatasi.

Jumatano, 20 Novemba

Bibiane ana homa.

Ijumaa, 22 Novemba

Kikohozi, macho yanatoa machozi. Ndani ya shavu nimeona zile punje nyeupe za surua. Nimezima tochi haraka, kana kwamba Colombe naye angeweza kuzisoma.

Nimehesabu kurudi nyuma. Surua inakaa mwilini siku nane, kumi, kabla ya kujionyesha. Bibiane ameipata baada ya tarehe tisa Novemba, siku niliyokwenda Muhumba. Kama ningesema siku ile, kama ningelala hata cachot, dawa mpya ingemkuta bado mzima.

Jumapili, 24 Novemba

Miaka ishirini ya utawala wa rais wetu. Mji mzima umeshuka kwenye gwaride, ngoma za jeshi zinasikika mpaka huku. Vipele vimeshuka mpaka tumboni. Colombe amekuja na ile karatasi, ameitoa kwenye plastiki, akaikunjua juu ya meza yangu.

"Lakini eko na carte, maman. Utazame. Tarehe tisa, ni mukono yako."

Nilimwambia chanjo wakati mwingine haishiki. Aliitikia kwa kichwa, akaikunja tena taratibu. Aliniamini, ningependa anitukane.

Jumanne, 26 Novemba

Mapafu. Tumempeleka hospitali kubwa kwenye gari la matofali. Nilimshika njiani, alikuwa anapumua kwa mbavu.

Jumatano, 27 Novemba

Bibiane amefariki saa tano asubuhi.

Wahenga walisema mficha maradhi kifo humuumbua. Walimaanisha kifo chake mwenyewe.

Alhamisi, 28 Novemba

Nilikuwa matangani asubuhi. Nilipika na wanawake wengine, nilichota maji, sikukaa karibu na Colombe.

Mchana Pascal alikuja kuandaa chombo kwa ajili ya wageni. Nilimsikia nyuma anasugua. Halafu akaacha kusugua. Nilipotoka alikuwa amechuchumaa chini ya meza ya chuma, kiganja chake kimejaa magamba na vichwa vidogo vilivyokauka.

"Hii ni nini, maman?"

Nimemwambia. Samaki, taa, tano, mia moja na kumi na wanane, Muhumba, Bibiane. Nilimwambia nikiwa nimesimama, na nilikuwa tayari kwa matusi, nilikuwa hata nayataka. Tangu Septemba nilimwona kijana huyu kama kasuku wa Wazungu. Alikaa chini kwenye matope na suruali yake safi.

"Siku ya kwanza," akasema, "nilipashwa kuita bamaman bote nyuma huku, niwaonyeshe. Nilifundisha weye peke yako. Mu Ulaya banatufundisha kufunga waya. Hakuna mwenye alituambiya juu ya sambaza." Akafuta uso kwa mkono wenye magamba. "Kesho ile Muzungu atasimama na karatasi yako. Makumi ine, maman. Na kila mahali itafika, ba-infirmière benzako bataambiwa, mufanye sawa Bukavu."

Hakuniambia niseme nini. Alimaliza kusugua, akaondoka.

Ijumaa, 29 Novemba

Mbele ya zahanati waliweka viti walivyokopa kanisani, na wamama walipangwa upande mmoja na vitenge vya chama. Mzungu mrefu alikuja na karatasi yangu ndani ya fremu yenye kioo, imepigwa chapa kwa rangi, na mstari wa bluu umenyooka kutoka Septemba mpaka Oktoba. Alisema mstari huu utafika mabara matatu. Watu wa Kinshasa wakapiga makofi. Tambwe akaniita niseme neno la shukrani.

Nilisema kwa Kiswahili, ili wamama wasikie kwanza.

Nilisema: "Mstari huu ni uongo. Niliuandika siku za Jumamosi bila kuangalia. Vioo vilifunikwa, nikaona, nikacheka, kwa sababu nilitaka chombo hiki kife nirudishiwe changu. Kuanzia tarehe ishirini na sita Septemba mpaka tarehe sita Novemba, dawa niliyowachoma watoto wenu ilikuwa imekufa. Karatasi mlizonazo hazina kazi. Nilijua tangu tarehe nane, nikanyamaza mpaka leo. Mtoto akiwa hajaugua, mleteni tena."

Tambwe akasimama, akatafsiri. Kwa Kifaransa alisema kwamba citoyenne anawashukuru wageni, anawaomba wamama waendelee kuleta watoto. Alisahau kwamba nilisoma kwa masista Uvira miaka tisa, na walikuwa wanatupiga fimbo kwa kila kosa la Kifaransa. Nikayarudia yote mwenyewe, kwa Kifaransa chao, mpaka mwisho.

Mzungu aliishusha ile fremu taratibu. Akauliza vioo vilifunikwa na nini.

Pascal alikuwa ananiangalia. Nikasema: na uzembe wangu.

Mama mmoja akaanza kulia, na mwingine akaokota jiwe la chokaa. Halikunipata. Nilisimama palepale kwa sababu sikuona mahali pengine pa kusimama. Watu wa Tambwe walinipitisha ndani ya zahanati, wakanitoa kwa mlango wa nyuma.

Jumatatu, 2 Desemba

Barua mbili. Ya kwanza ya Tambwe: nimesimamishwa kazi kuanzia tarehe tano, na kesi itafuata. Ya pili ni nakala ya ripoti ya kampuni. Chombo kilichunguzwa, kiko kizima. Kosa ni la mtumiaji. Safari ya vile arobaini itaendelea, na picha zimepigwa upya, vioo vitupu chini ya jua. Hakuna neno juu ya kuweka mtu wa kuwaeleza wamama habari za vioo. Hakuna neno juu ya mia moja na kumi na wanane. Dunia itakunywa kwenye jua, na kikombe kikianguka itauliza nani alikishika.

Siwatetei, na sijitetei. Chombo ni kizima kweli. Leo asubuhi, tano.

Jumanne, 3 Desemba

Pascal ameleta dawa mpya kichwani ndani ya sanduku la baridi, gari lilinasa Bagira. Aliidai bohari kwa jina lake mwenyewe. Nilimpa maji ya kunawa na chai, na nilimwita mwanangu.

Jumatano, 4 Desemba

Siku yangu ya mwisho ya kazi.

Nilifungua saa moja. Nilisoma kipimajoto mbele ya mlango, kwa sauti, nikakiandika. Pascal alikuwa amepita vilimani siku mbili akiita watu. Mpaka saa tatu walikuwa wamekuja tisa. Wengine niliwaona, walisimama ng'ambo ya barabara chini ya miavuli na majani ya ndizi, watoto migongoni, wananiangalia kama unavyomwangalia mbwa aliyekwisha kuuma mtu. Sikuthubutu kuwaita.

Halafu Colombe akaja. Ana kitambaa cheupe cha matanga kichwani. Alivuka katikati yao, akasimama kwenye kizingiti changu, akawageukia. Niliwaambia watu vioo vilifunikwa, sikusema na nini. Hakuna aliyehitaji kumwambia Colombe.

"Ni miye nilianika sambaza pale," akasema. "Miye, na batatu benzangu, munatujua. Hatukujua. Yeye alijua, alikula sahani yenye nilimuletea. Bibiane yangu amekufa." Sauti yake haikupanda hata kidogo. "Hii dawa ya leo ni nzima, fundi amenionyesha chiffre. Sasa mungali munangoja nini? Munangoja benu pia?"

Akaingia, akakaa kwenye benchi pale mama anapokaa kumshika mtoto asijitikise, akanyoosha mikono kumpokea wa kwanza.

Walikuja. Walipanga mstari mpaka kwenye mawe ya chokaa, mvua ikaongezeka, hawakuondoka. Kila mama alimpa Colombe mtoto wake badala ya kumshika mwenyewe, na sijui nani alianza hivyo. Alikunja mkono wa nguo, akamlaza mtoto kifuani, akageuza kichwa chake upande wa dirisha, na mimi nikachoma. Alishika themanini na wanane. Baadhi yao ni wa umri wa Bibiane kamili, na hao aliwashika sawa na wengine.

Mpaka wa mwisho hakunitazama usoni. Nilipoweka sindano chini nilimwita kwa jina lake. Alimrudisha mtoto kwa mama yake, akainuka, akapangusa maziwa ya kifua chake yaliyolowesha mbele ya blauzi yake, akatoka kwenye mvua.